Makamanda walisameheana, askari wakabaki barabarani

Aprili 1964, miezi mitatu baada ya askari wa Tanganyika Rifles kuasi, batalioni ya tatu ya jeshi la Nigeria iliingia nchini kushika lindo wakati Mwalimu Nyerere akiunda jeshi jipya. Kamanda wake alikuwa Luteni Kanali James Pam, mtu wa Jos. Chini yake walikuwamo vijana wa kaskazini, mashariki na magharibi ya Nigeria, wakilala kambi moja na kula chungu kimoja. Wakati ule lilionekana ni jeshi la kuazimwa na wenzake: lina nidhamu na halijiingizi kwenye siasa. Januari 1966 Pam aliuawa na maofisa wenzake usiku wa mapinduzi. Julai 1967 jeshi lile lile lilikuwa limekatika vipande viwili vinavyopigana.

Hapa kwetu Biafra, eneo la Mashariki lililojitenga na Nigeria mwaka 1967, huzungumzwa zaidi kwa sababu ya tarehe moja, 13 Aprili 1968, siku Tanzania ilipokuwa nchi ya kwanza kuitambua. Mjadala wa kama Mwalimu alikosea au alipatia hauishi, nami nawaachia wenye hamu nao. Nataka kuzungumzia waliopigana, kwa sababu vita vile vina jambo ambalo vita kati ya mataifa mawili havina: makamanda wa pande zote walitoka mesi moja ya maofisa. Walijuana kwa majina ya utani, walijua nani mwepesi wa hasira na nani mzito wa kuamua. Tunapenda kusema fahali wawili wakipigana ziumiazo ni nyasi. Sawa, lakini fahali hawa walitoka zizi moja, na vita vilipokwisha waliijua njia ya kurudi. Kuruta aliyekokotwa kutoka kijijini hakuwa na zizi la kurudi.

Kabla ya vita jeshi la Nigeria lilikuwa na watu wapatao 10,000 tu. Katika jeshi dogo hivyo, ofisa anamjua kila ofisa. Ndiyo maana mkutano wa Aburi, Ghana, wa tarehe 4 na 5 Januari 1967, ni kituko kwa anayeufuatilia leo. Nchi inakaribia kuvunjika, maelfu ya Waigbo, watu wa Mashariki, wameshauawa kaskazini mwaka uliotangulia, na wanaume waliokaa mezani wanaitana Jack na Emeka. Jack ni Yakubu Gowon, mkuu wa nchi. Emeka ni Odumegwu Ojukwu, gavana wa kijeshi wa Mashariki. Sehemu ya ugomvi wao ilikuwa ya kambini kabisa: nani mkubwa wa nani. Ojukwu alikataa kumtambua Gowon kwa hoja kwamba walikuwapo maofisa waliomzidi cheo, Brigedia Ogundipe akiwa wa kwanza. Zilikuwapo sababu nzito zaidi, za damu na za mafuta na za katiba, lakini ukisoma hoja zao unaona wazi kwamba wanajeshi hawa waliichukulia nchi kama kikosi kilichokosa utaratibu wa kupokezana uongozi.

Halafu kuna kisa cha Nzeogwu. Meja Chukwuma Kaduna Nzeogwu ndiye aliyeongoza mapinduzi ya Januari 1966 mjini Kaduna, mapinduzi yaliyomwua Sardauna wa Sokoto, kiongozi wa kaskazini, na kuichoma kaskazini nzima kwa hasira. Rafiki yake mkubwa alikuwa Olusegun Obasanjo, ofisa mhandisi, waliyetumikia naye Kongo. Vita vilipoanza, Nzeogwu, ambaye hakupenda Nigeria igawanyike, alijikuta upande wa Biafra, na mwishoni mwa Julai 1967 aliuawa karibu na Nsukka akipambana na jeshi la shirikisho, yaani la serikali ya Nigeria. Jeshi hilo hilo liliuchukua mwili wake likauzika Kaduna kwa heshima zote za kijeshi, kwa amri ya Gowon. Fikiria hapo kidogo. Mtu aliyemwua kiongozi wa kaskazini anazikwa kaskazini, kwa mizinga ya heshima, na jeshi alilokufa akipigana nalo. Miaka baadaye Obasanjo aliandika wasifu wa rafiki yake. Sisemi walikosea kumzika hivyo. Kuna uungwana ndani yake. Nasema tu kwamba siku hizo hizo, porini karibu na Nsukka, walikuwapo makuruta wa pande zote ambao hakuna aliyeandika hata majina yao.

Maana vita viliposhika kasi, watu 10,000 hawakutosha. Lagos, mji mkuu wa Nigeria wakati ule, ilianza kwa kuviita operesheni ya polisi, kana kwamba ni suala la kukamata wezi, ikaishia na jeshi la watu kama 250,000. Idadi hiyo ndani ya miezi 30 ina maana moja: idadi kubwa ya waliokuwa mstari wa mbele hawakuwa wanajeshi kabla ya vita. Walikuwa wasaka ajira, vijana wa mashambani, watoto wa mjini wasio na kazi, wakapewa kwata ya haraka na bunduki. Ofisa aliyesoma Sandhurst, chuo cha kijeshi cha Uingereza, alimjua adui yake kwa jina. Kuruta alimjua adui kwa kabila tu.

Upande wa Biafra hali ilikuwa ngumu zaidi. Mwanzoni vijana walijitokeza wenyewe kwa wingi, wengine wakirudishwa kwa sababu bunduki hazikutosha. Walifanya mazoezi kwa magongo. Baada ya Port Harcourt kuanguka Mei 1968, Biafra haikuwa tena na njia ya baharini. Silaha na chakula vikawa vinaingia usiku kupitia Uli, kipande cha barabara kilichogeuzwa uwanja wa ndege. Kufikia hapo hamasa ilikuwa imekauka, na vijana wakawa wanakamatwa masokoni na njiani kupelekwa jeshini. Wengi walipigana peku. Risasi ziligawiwa kwa kuhesabu. Kulikuwa na watoto wa umri wa kwenda shule walioingizwa katika kundi lililoitwa Boys' Company, kazi yao kuvuka mistari na kupeleleza, kwa kuwa hakuna anayemshuku mtoto.

Wahandisi wa Biafra walijitahidi kwa namna ambayo hata maadui zao waliivulia kofia. Walisafisha mafuta wenyewe vichakani, wakatengeneza silaha waliyoiita ogbunigwe: bomu lililojazwa vipande vya chuma, lililoweza kutegwa ardhini au kurushwa kama roketi. Lakini huwezi kuishi kwa ogbunigwe. Askari alihitaji chumvi, na chumvi ilikuwa upande wa pili. Hapo ndipo ilipozaliwa biashara waliyoiita ahia attack. Wanawake walivuka mistari ya mapigano usiku, wakanunua chumvi, sigara na dawa maeneo yaliyoshikwa na shirikisho, wakarudi kuuza Biafra. Wengi walikufa, wengi walibakwa, na biashara haikusimama, kwa sababu askari wa pande zote waliihitaji. Ukitaka kujua vita vile vilikuwaje kwa mtu wa chini, achana kwanza na ramani za makamanda, mfuate mwanamke mmoja mwenye kifurushi cha chumvi kichwani.

Nisionekane namwona kila kamanda ni mtu wa starehe. Ofisa wa Biafra aliishi na hofu mbili: adui aliye mbele na tuhuma iliyo nyuma. Neno lililoua watu pale lilikuwa sabo, mhujumu. Mji ukianguka, lazima kuna sabo. Agosti 1967 Kanali Victor Banjo, Myoruba aliyeamua kupigana upande wa Biafra, aliiteka Benin kwa haraka ya kushangaza na majeshi yake yakafika hadi Ore, barabara ya kwenda Lagos ikiwa mbele yao. Yakasimama. Kwa nini yalisimama, watu wanabishana hadi leo. Tarehe 22 Septemba Banjo alipigwa risasi kwa uhaini pamoja na Emmanuel Ifeajuna, Phillip Alale na Sam Agbam. Enugu, makao makuu ya Biafra, ilianguka siku 12 baadaye. Baada ya hapo ni kamanda gani angethubutu kumwambia Ojukwu kwamba askari wamechoka na warudi nyuma?

Upande wa shirikisho tatizo lilikuwa la namna nyingine. Gowon alitoa mwongozo wa maadili kwa wanajeshi wake Julai 1967: usiue mateka, usiguse watoto wala wajawazito, usipore. Ni waraka mzuri. Oktoba mwaka huo huo Divisheni ya Pili chini ya Murtala Mohammed iliingia Asaba, ukingoni mwa mto Niger. Tarehe 7 wakazi walitoka wakiwa wamevaa nguo zao nyeupe za sherehe, wakicheza na kuimba kuunga mkono Nigeria moja, ili askari wajue kwamba wao si adui. Wanaume na wavulana walitengwa na wanawake, wakapigwa risasi. Waliokufa Asaba siku zile walihesabika kwa mamia. Gowon aliomba radhi mwaka 2002, miaka 35 baadaye. Waraka haukuwa na meno kwa sababu kati ya mkuu wa nchi Lagos na kuruta aliye Asaba kulikuwa na makamanda wa divisheni walioongoza kila mmoja kama mfalme wa eneo lake.

Murtala ndiye mfano ulio wazi. Makao makuu hayakutaka avuke Niger kuiendea Onitsha uso kwa uso, yeye akavuka. Oktoba 1967 askari wake waliingia Onitsha kwa maboti, soko kubwa likateketea, wakaanza kupora badala ya kujipanga, na Wabiafra wakarudi wakawabana mtoni. Alijaribu tena, akashindwa tena, kila safari watu wakizama. Onitsha ilikuja kushikwa Machi 1968.

Halafu ikaja Abagana. Machi 31, 1968, msafara wa Divisheni ya Pili wenye magari yapatayo mia ulitoka Onitsha kwenda kukutana na Divisheni ya Kwanza upande wa Enugu. Barabara ni moja, nyembamba, vichaka huku na huku. Meja Jonathan Uchendu wa Biafra alikuwa na watu wachache mno ukilinganisha na msafara ule, mamia dhidi ya maelfu. Aliuacha uingie. Roketi ya ogbunigwe ikapiga lori la mafuta, na kwa kuwa magari yalikuwa yamefuatana kwa karibu, moto ukarukia la pili, la tatu, hadi barabara nzima ikawa tanuri. Mbele hakupitiki na kurudi nyuma hakuwezekani, na aliyeruka kichakani alikutana na bunduki. Ni wachache waliotoka. Ukijiweka kwenye viatu vya kijana aliyekaa juu ya masanduku ya risasi kwenye lori la katikati ya msafara ule, mambo ya umoja wa Nigeria na haki ya Biafra yanafutika. Kinachobaki ni swali la nani aliamua magari mia yapite barabara hiyo moja bila watu wa kusafisha vichaka pembeni.

Murtala aliondoka kwenye uongozi wa divisheni ile muda si mrefu baadaye. Mwaka 1975 akawa mkuu wa nchi, na leo uwanja mkubwa wa ndege wa Lagos una jina lake. Najua alipendwa kwa miezi sita ya kufagia uzembe serikalini, na najua aliuawa Februari 1976 katika mapinduzi yaliyoshindwa. Hayo hayafuti Onitsha wala Abagana. Kamanda aliyeshindwa vile angekuwa mkulima kijijini, angalau angeulizwa.

Makosa hayakuwa ya upande mmoja. Mwaka 1969, brigedi ya 16 ya shirikisho ilizungukwa Owerri kwa miezi, ikidondoshewa chakula na risasi kwa ndege, hadi ilipojichomoa Aprili. Wabiafra waliingia Owerri kwa shangwe siku chache tu baada ya kuipoteza Umuahia, mji wao mkuu wa wakati huo. Askari waliokufa kwa ajili ya Owerri walikufa kwa mji ambao mwaka haukuisha vizuri kabla Biafra yenyewe haijafutika. Mei mwaka huo Gowon aliwaondoa makamanda wote watatu wa divisheni kwa mpigo, akiwamo Benjamin Adekunle aliyeitwa Nge Mweusi, kipenzi cha magazeti. Nafasi ya Adekunle aliichukua Obasanjo, yule mhandisi.

Namna vita vilivyokwisha ndiyo inayoniudhi zaidi. Usiku wa kuamkia Januari 11, 1970, Ojukwu alipanda ndege Uli kwenda Kodivaa, akisema anakwenda kutafuta amani. Aliondoka naye Jenerali Alexander Madiebo, mkuu wa jeshi la Biafra. Yaani amiri jeshi na mkuu wa jeshi wameondoka, na askari hawajaambiwa. Aliyebaki na mzigo ni Philip Effiong, naibu wa Ojukwu, ambaye hata Mwigbo hakuwa, alikuwa Mwibibio. Alitangaza redioni tarehe 12 kwamba mapigano yakome, akakutana na Obasanjo, na tarehe 15 akasimama mbele ya Gowon katika kambi ya Dodan, Lagos, akajisalimisha. Hakuna aliyenyongwa. Gowon alisema hakuna mshindi wala mshindwa, na kwa kiasi kikubwa alimaanisha. Waandishi wa nje waliokuwa wakisubiri mauaji ya kulipiza kisasi walifunga mikoba yao.

Hapa lazima nikiri uzito wa hoja ya upande mwingine. Kule kujuana ndiko kulikookoa maisha. Kama Effiong angekuwa mgeni kwa Gowon na Obasanjo, kama wangekuwa wapiganaji wa porini wasiowahi kukaa darasa moja, Januari 1970 ingeweza kuwa na damu kuliko miezi 30 iliyotangulia. Nchi nyingi za Afrika zilizopigana baadaye zingetamani mwisho wa namna ile. Nalikubali hilo bila kinyongo. Lakini amani iliyopitia mlango wa mesi ya maofisa iliwaruhusu kupita wenye vyeo, tena si wote.

Tazama walikoishia. Ojukwu alisamehewa na Rais Shagari, akarudi 1982, akagombea vyeo, na alipofariki, jeshi la Nigeria lilimzika mwaka 2012 kwa heshima za kijeshi. Effiong, aliyebaki na kubeba aibu ya kusalimu amri kwa niaba yake, alifukuzwa jeshini na kuishi miaka mingi bila pensheni. Upande wa ushindi, wakuu wa kijeshi waliotawala kuanzia 1975, yaani Murtala, Obasanjo, Buhari, Babangida, Abacha na Abdulsalami, wote walipigana vita vile. Babangida alijeruhiwa mstari wa mbele. Hata hivyo urafiki wa mesi haukudumu kati yao: Iliya Bissalla, aliyekabidhiwa Divisheni ya Kwanza mwaka 1969, alipigwa risasi na wenzake mwaka 1976 kwa tuhuma za kushiriki njama ya kumwua Murtala. Madiebo na Obasanjo wote wawili waliandika vitabu vya kumbukumbu. Ukivisoma utajua kila brigedi ilikuwa wapi. Njaa ya askari utaikuta imeandikwa kama upungufu wa mahitaji.

Raia wa Biafra waliokuwa na akiba benki walipewa pauni 20 tu, hata kama waliweka maelfu. Askari wa Biafra wasio na akaunti hawakupata hata hizo. Kwa miaka mingi, pembeni mwa barabara ya zamani ya Enugu kwenda Onitsha, pale Oji River, watu waliokatika miguu vitani walikaa kwenye viti vya magurudumu wakiomba wapita njia. Barabara hiyo ndiyo ile waliyoipigania. Mabasi yaliwapita yakiwa na watoto wasiojua wale ni nani.

Mei 29, 2000, Obasanjo, sasa rais wa kuchaguliwa, alitangaza kwamba wanajeshi waliofukuzwa kwa kupigana upande wa Biafra wahesabiwe kuwa wamestaafu. Ni hatua nzuri iliyochelewa miaka 30. Lakini ipime kwa makini. Ili kufukuzwa kwako kubadilishwe kuwa kustaafu, lazima uwe ulifukuzwa, na ili ufukuzwe lazima uwe uliandikishwa katika jeshi la Nigeria kabla ya vita. Msamaha ule uliwafaa watu wa lile jeshi la watu 10,000, akina Effiong, watu wa gwaride na namba za utumishi. Kijana aliyekamatwa sokoni mwaka 1968 na kupelekwa mahandakini hakuwahi kuwa na namba Lagos. Nigeria haikumfukuza, kwa hiyo haina cha kumrudishia. Na Biafra iliyomwandikisha, kama ilimwandikisha, haipo. Hapo ndipo msamaha wa makamanda unapoishia, na serikali yoyote ya Abuja inayotaka kwenda mbele yake italazimika kufungua daftari jipya la majeruhi na wajane wa vita, lisilouliza mtu alivaa sare gani. Januari 15 ya kila mwaka, siku ile Effiong alipojisalimisha, Nigeria inawakumbuka mashujaa wake kwa gwaride na mashada ya maua. Bajeti ya sherehe hiyo ingekuwa mahali pazuri pa kuanzia.